Kutoka kamba za Firauni hadi simu ya mkononi

 

Wiki chache zilizopita nilikuwa katika kipindi cha Elimu ya Dini ya Kiislamu na wanafunzi wa kidato cha tatu. Tulikuwa tunasoma shirki na aina zake. Binti mmoja aliyekaa nyuma akanyoosha mkono akasema: "Ustadh, kama mtu anaangalia nyota yake kwenye simu, lakini haamini, anajifurahisha tu, ana dhambi? Maana pale hakuna mganga. Ni kompyuta tu ndiyo inayosema."

Darasa zima likacheka. Nami nikatambua kuwa wengi wao walikuwa na swali hilo hilo, isipokuwa yeye ndiye aliyekuwa na ujasiri wa kuuliza. Nikamwambia, "Swali lako ni zito kuliko unavyodhani, binti yangu. Nipe muda." Makala hii ndiyo jibu langu kwake, na kwa wazazi ambao watoto wao wana swali hilo lakini hawajauliza.

Ukilitazama vizuri, ndani ya swali lile mna madai mawili. La kwanza ni kuwa mashine haiwezi kuwa mganga, kwa hiyo kinachotoka kwenye mashine ni elimu. La pili ni kuwa jambo likifanywa kwa mchezo au kwa sanaa, basi halina uzito mbele ya Allah. Madai haya si mapya. Yana historia ndefu, na historia hiyo imewagharimu wanadamu fedha, akili na imani zao, wakiwemo Waislamu.

Walichokiona watu wa Firauni

Tuanze na Qur'an. Katika kisa cha Nabii Musa (a.s.), wachawi wa Firauni walitupa kamba na fimbo zao. Qur'an haisemi kuwa kamba zile zilikuwa nyoka. Inatufahamisha kuwa kwa uchawi wao zilionekana kana kwamba zinakwenda (20:66), na kuwa waliyaroga macho ya watu na kuwatia hofu (7:116). Baadhi ya wafasiri wametaja kuwa kamba na fimbo zile zilijazwa zebaki, na jua lilipopata joto zebaki ikatanuka, zikajipindapinda. Kwa maneno mengine, hicho kilikuwa kiinimacho kilichosaidiwa na ufundi.

Sasa tazama nani aliyeamini kwanza. Hawakuwa watazamaji, wala hakuwa Firauni mwenyewe. Walikuwa ni wale wachawi. Fimbo ya Musa ilipovimeza vile walivyovibuni, wao ndio walioanguka kusujudu (7:120-122). Kwa nini? Kwa sababu waliujua ufundi wao ndani na nje. Walijua mwisho wake uko wapi, na waliona kuwa hili limevuka mpaka wa ufundi wowote. Aliyeijua hila ndiye aliyeutambua muujiza. Somo hili tulishike, kwani tutalirudia.

Hatusemi kuwa uchawi wote ni hila. Jamhuri ya wanazuoni wa Ahlus Sunna wanasema sihri ina uhalisia, na kwamba haimdhuru mtu ila kwa idhini ya Allah, kama inavyofahamika katika Suratul Baqarah (2:102). Lakini wanazuoni hao hao walijua kuwa mengi yanayoitwa uchawi si chochote ila ujanja. Imam Fakhruddin Razi, aliyefariki mwaka 606 Hijria (1210), aliyagawa yanayoitwa sihri katika mafungu manane, na Ibn Kathir akayanukuu katika tafsiri yake ya aya hiyo. Miongoni mwake mna uchawi wa waliozitukuza nyota, mna kutaka msaada wa majini, na mna kiinimacho, ambapo mtu anakushughulisha macho kwa jambo moja huku mkono wake ukifanya jingine. Na mna fungu la vyombo vya ajabu vilivyotengenezwa kwa hesabu na vipimo, mfano sanamu ya mpanda farasi mwenye baragumu ambaye kila saa ikifika hulipuliza bila ya kuguswa na mtu.

Razi anasema fungu hili la mwisho halistahiki kuhesabiwa kuwa ni sihri hasa, kwani lina sababu zinazojulikana, na anayezijua anaweza kulifanya. Maneno haya yalikuwa na ushahidi katika zama zake. Mwaka 1206 fundi Muislamu, Al-Jazari, alimaliza kitabu chake kuhusu mitambo huko Diyarbakir, mkiwemo saa ya tembo inayoendeshwa kwa maji. Alichora kila kipande na kueleza kinavyofanya kazi. Na katika karne hiyo ya 13, mtu wa Sham aitwaye Al-Jawbari aliandika kitabu kizima cha kufichua mbinu za matapeli: waganga bandia, watafuta hazina bandia, na wanaojifanya mawalii.

Huo ndio uliokuwa mwendo wa Waislamu walipokuwa na elimu. Fundi anaeleza chombo chake, na mwanachuoni anatenganisha ufundi na shirki. Pale anayejua anaposita kueleza, ndipo tapeli anapopata mtaji.

Ulaya na Marekani: kila chombo kipya na mzimu wake

Watu wengi wanadhani kuwa sayansi ilipoingia Ulaya, uchawi ulitoka. Ukweli ni kuwa kila chombo kipya kilipobuniwa, alitokea mtu wa kukivisha kanzu ya ghaibu.

Mwaka 1798 mjini Paris, fundi mmoja aitwaye Robertson alianza kuonyesha mizimu kwa tiketi. Alikuwa na taa ya kutupia picha iliyowekwa juu ya magurudumu, nyuma ya pazia. Akiisogeza taa, mzimu unakua na kuwafuata watazamaji gizani. Mwaka uliofuata alihamia katika jengo la zamani la watawa, lenye makaburi, ili hofu iwe kamili. Robertson mwenyewe alidai kuwa hakusudii kumdanganya mtu, lakini watu walitetemeka hata hivyo. Ndugu msomaji, chombo kile ni babu wa sinema.

Mwaka 1844 Samuel Morse alituma ujumbe kwa waya kutoka Washington hadi Baltimore. Watu wakashangaa: mtu asiyeonekana anagonga huku, maneno yanatoka kule. Miaka minne tu baadaye, Machi 1848, katika kijiji cha Hydesville jimbo la New York, wasichana wawili wa familia ya Fox walidai kuwa roho ya maiti inazungumza nao kwa kugonga. Mfano ukawa tayari umeandaliwa na telegrafu: kama hai anagonga kutoka Baltimore, kwa nini maiti asigonge kutoka kaburini? Harakati ikaenea Marekani na Uingereza, na gazeti mojawapo la wafuasi wake likaitwa Telegrafu ya Kiroho.

Miaka arobaini baadaye, Oktoba 1888, mmoja wa dada hao, Margaret, alipanda jukwaani mjini New York mbele ya umati na kukiri kuwa ugongaji ule ulikuwa ni vidole vya miguu yao wakivialisha viungo. Akavua kiatu na kuonyesha. Mwaka uliofuata aliyakana maneno yake ya kukiri. Lakini hata alipokuwa amekiri, wafuasi wengi hawakurudi nyuma. Walikwisha kujenga maisha yao juu ya vile vidole.

Kamera nayo haikusalimika. Katika miaka ya 1860, mpiga picha wa Boston aitwaye William Mumler alianza kuuza picha zenye kivuli cha marehemu nyuma ya mteja. Wakati huo Marekani ilikuwa katika vita ya wenyewe kwa wenyewe, iliyoua watu zaidi ya 600,000. Kila nyumba ilikuwa na msiba. Mama aliyempoteza mwanawe angelipa kiasi chochote kuuona uso wake. Mumler alishtakiwa kwa utapeli mjini New York mwaka 1869, na wapiga picha wakaieleza mahakama njia kadhaa ambazo kivuli cha namna ile kinaweza kutengenezwa. Hata hivyo aliachiwa, ushahidi ukionekana hautoshi. Baadaye mjane wa Rais Abraham Lincoln alikwenda kwake, akatoka na picha ya mumewe aliyeuawa akiwa amemwekea mikono mabegani.

Tusiwacheke hawa. Waliofiwa si wajinga, ni watu wenye majonzi. Na aliyewatia mtegoni hakutumia tunguri wala ushanga. Alitumia chombo cha kisasa kuliko vyote walivyokuwa navyo, na kwa hicho akaaminiwa.

Wapo waliosimama kueleza. Mwaka 1853 Michael Faraday, mwanasayansi mkubwa wa umeme, alifanya jaribio kuhusu meza zilizosemekana kusukumwa na roho. Alithibitisha kuwa ni mikono ya waliokaa mezani inayosukuma, bila wenyewe kujijua. Pamoja na hayo, mwaka 1891 ubao wa Ouija, wa kuzungumza na wafu kwa mtindo huo huo wa mkono, ukapewa hataza nchini Marekani, na mwaka 1966 ukanunuliwa na kampuni kubwa ya kutengeneza michezo ya watoto. Hapo ndipo lile dai la pili linapoingia: ni mchezo tu.

Algeria 1856: sumaku dhidi ya Waislamu

Kisa kinachofuata kinatugusa Waislamu moja kwa moja, nami huwasomesha wanafunzi wangu kila mwaka.

Wafaransa waliivamia Algeria mwaka 1830. Amir Abdul Qadir alipigana nao hadi mwaka 1847, na baada yake upinzani uliendelea, mara nyingi ukiongozwa na masheikh wa zawiya. Baadhi ya watu waliojinasibisha na masheikh hao walikuwa na maonyesho ya maajabu: kumeza vioo, kuchezea nyoka, kujichoma moto. Serikali ya Ufaransa ikaona humo mna mwanya. Mwaka 1856 ikampeleka Algiers mtu aitwaye Robert-Houdin. Hakuwa jenerali. Alikuwa fundi saa aliyegeuka kuwa mfalme wa mazingaombwe mjini Paris.

Katika ukumbi wa maonyesho, mbele ya machifu wa Kiarabu waliokusanywa, alileta sanduku dogo lenye kitako cha chuma. Akamwita mwanamume mwenye nguvu alinyanyue. Akalinyanyua kwa urahisi. Kisha akamwambia: sasa ninakuondolea nguvu zako, utakuwa dhaifu kama mwanamke. Yule bwana akavuta, akatoa jasho, sanduku halikutikisika. Chini ya jukwaa palifichwa sumaku ya umeme, na msaidizi alikuwa ameiwasha. Hatimaye umeme ukapitishwa katika mpini wa sanduku, mtu yule akapiga kelele na kukimbia. Haya yote ameyaandika Robert-Houdin mwenyewe katika kumbukumbu za maisha yake, kwa fahari. Anaeleza pia kuwa baadaye wakalimani waliagizwa wawafahamishe watu kuwa yale yalikuwa ufundi tu, si uchawi, ili wawadharau masheikh wao na wawastahi Wafaransa.

Fikiri juu ya hali hiyo. Mtu mzima, Muislamu, shujaa, anafedheheshwa mbele ya watu wake kwa kipande cha chuma na waya. Kilichomshinda hakikuwa jini wala nguvu ya ajabu. Kilichomshinda ni kutojua sumaku ya umeme ni nini. Na walioufungua mlango huo ni wale ndugu zetu waliokwisha kuwazoesha watu kuwa kumeza kioo ni dalili ya uwalii. Umma uliozoea kuitafuta dini katika maajabu, atakapokuja mwenye ajabu kubwa zaidi, utamfuata au utamwogopa. Mwaka uliofuata, 1857, jeshi la Ufaransa liliingia milima ya Kabylia kwa mizinga.

Linganisha na Mtume wetu (s.a.w.). Siku aliyofariki mwanawe Ibrahim, jua lilipatwa. Watu wakasema limepatwa kwa ajili ya kifo cha Ibrahim. Mganga yeyote angeikamata fursa ile. Mtume (s.a.w.), akiwa na uchungu wa kufiwa, aliwakatalia na kuwafundisha kuwa jua na mwezi ni alama mbili za Allah, havipatwi kwa kufa wala kuishi kwa mtu yeyote. Hadithi hii imo katika Bukhari na Muslim. Haki haina haja ya kiinimacho.

Sanaa kama mlango wa nyuma

Tuje kwenye sanaa. Mwaka 1875 mjini New York, Helena Blavatsky na wenzake waliunda Jumuiya ya Theosofia, iliyochanganya dini za Mashariki, mizimu na elimu za siri. Mafundisho yake yaliwavutia wasanii wakubwa. Mchoraji Mondrian alijiunga nayo mwaka 1909. Kandinsky aliyasoma alipokuwa akiandika juu ya roho na sanaa. Msweden Hilma af Klint alikuwa na kikundi cha wanawake watano waliokaa kila wiki kuita roho, na kuanzia mwaka 1906 alichora mfululizo wa michoro 193 aliyosema aliamrishwa na roho hizo. Michoro hiyo ilipoonyeshwa New York kati ya mwaka 2018 na 2019, watu zaidi ya 600,000 walikwenda kuitazama.

Hali kadhalika karata za Tarot. Asili yake ni mchezo wa kawaida wa karata nchini Italia katika karne ya 15, na karata zenyewe ziliingia Ulaya kutoka Misri ya Mamluk. Mwaka 1781 Mfaransa mmoja, Court de Gébelin, akadai bila ushahidi kuwa ni hekima ya siri ya Misri ya kale. Mwaka 1909 msanii Pamela Colman Smith akachora seti ya karata 78 kwa ajili ya kupigia ramli, na picha zake ndizo unazoziona leo kwenye fulana, pochi na simu za vijana. Mchezo ukageuzwa ramli, ramli ikageuzwa sanaa, na sasa sanaa inauzwa tena kama mchezo. Aliyezaliwa leo anaikuta kwenye fulana, hajui ilikopita.

Wengine hawakuficha walikopata. Mwingereza Aleister Crowley alidai kuwa mwaka 1904, akiwa Cairo, kiumbe asiyeonekana alimsomea kitabu kwa siku tatu, naye akakiandika. Akajenga juu yake mfumo mzima wa uchawi ambao umeathiri wanamuziki na wasanii wengi wa Magharibi. Msomaji wa Suratul Jinn hawezi kushangaa. Aya ya 6 inatueleza kuwa walikuwepo watu waliojikinga kwa majini, na hilo halikuwazidishia ila madhila.

Kutoka miaka ya 1970 likatokea Uingereza kundi la wanaosema kuwa uchawi hauhitaji imani maalumu: chora alama ya haja yako, ikazie fikra, basi. Msomaji wa Pwani atatabasamu. Hiyo ni hirizi, isipokuwa imeandikwa kwa herufi za Kilatini na kuitwa sanaa. Lile linaloitwa ushamba likifanywa na bibi wa kijijini, linaitwa ubunifu likifanywa London.

Sisemi kuwa kila mchoro au kila muziki una shetani ndani yake. Huo ni upotofu wa upande wa pili, nao tutaugusa. Nasema kuwa neno "sanaa" halibadilishi hukumu ya tendo. Kuita roho ni kuita roho, uwe na tunguri mkononi au brashi.

Kompyuta haijui ghaibu

Katika miaka ya 1990, intaneti ilipokuwa inaenea, kulikuwa na wataalamu wa kompyuta huko California waliojiita wapagani wa teknolojia. Mmoja wa waliobuni namna ya kuonyesha picha za pande tatu kwenye intaneti, Mark Pesce, alijitangaza wazi kuwa ni miongoni mwao. Kwao kompyuta ilikuwa kama madhabahu mpya. Hatuwezi kusema basi kuwa wasomi wa teknolojia wote wameepukana na mambo haya.

Sasa turudi kwenye simu ya yule binti. Programu ya nyota inafanya mambo mawili, na lazima tuyatenganishe. La kwanza, inakokotoa sayari ilikuwa wapi siku uliyozaliwa. Hesabu hiyo ni sahihi. Ni elimu ya falaki, ile ile inayotupatia nyakati za swala na mwelekeo wa kibla, na Waislamu walikuwa vinara wake. La pili, inakuambia kuwa kwa sababu sayari ilikuwa pale, wiki hii utagombana na mpenzi wako au utapata fedha. Hili halitoki katika hesabu yoyote. Ni maneno yaliyotungwa na watu, yakatiwa ndani ya mashine, nayo ikayapanga na kuyatoa. Huo ndio unajimu, na Mtume (s.a.w.) ametufahamisha kuwa anayechukua tawi la elimu kutoka kwenye nyota kwa maana hiyo amechukua tawi la uchawi (Abu Daud).

Tazama ujanja ulivyo: ukweli wa lile la kwanza unatumika kukuuzia uongo wa la pili. Ni sumaku ya Robert-Houdin hiyo hiyo. Na wale wanaoziuliza programu za akili mnemba kuhusu mume watakayempata nao wajue kuwa mashine ile inaunganisha maneno kutokana na maandishi ya wanadamu. Haina habari ya kesho. Allah ametangaza kuwa hakuna aliyomo mbinguni wala ardhini ajuaye ghaibu ila Yeye (27:65). Aya hiyo haikuitoa mashine.

Mtu atauliza: mbona mara nyingine inakuwa kweli? Swali hili aliulizwa Mtume (s.a.w.) kuhusu makuhani. Akaeleza kuwa neno la kweli hunyakuliwa na jini, akalitia katika sikio la rafiki yake kuhani, nao wakalichanganya na uongo zaidi ya mia (Bukhari na Muslim). Watu hulikumbuka lile moja na kuyasahau mia. Ama kwenye simu, hata jini hahitajiki. Ukimwambia kila mtu kuwa ana jambo linalomtatiza moyoni, utakuwa umemkosea nani?

Na sisi je?

Hapa kwetu tulikuwa na bao, mchanga na vitabu vya falaki. Leo mganga ana namba ya simu kwenye nguzo ya umeme, ana ukurasa kwenye mtandao, na anapokea malipo kwa simu bila ya kukuona. Ahadi zake ni zile zile: mvuto wa biashara, kumrudisha mpenzi, cheo. Tusidhani kuwa huu ni mzaha. Kuanzia mwaka 2007 nchi yetu ilishuhudia ndugu zetu wenye ualbino, wakiwemo watoto, wakiuawa na kukatwa viungo kwa sababu mganga alimwambia mtu kuwa humo mna utajiri. Januari 2009 Waziri Mkuu Mizengo Pinda alitangaza kufuta leseni za waganga wa jadi. Marufuku ikatangazwa tena mwaka 2015. Aliyekwenda kuuliza nyota yake tu na aliyetoa fedha kwa kiungo cha mtoto walianza kwa hatua moja: kumkubalia kiumbe kuwa anajua na kuweza yale ya Allah.

Upo na upotofu wa upande wa pili. Wako miongoni mwetu wanaouona uchawi kila mahali. Msanii akiweka vidole vyake pembetatu kwenye video, basi ni Freemason. Mtu akitajirika, ni Freemason. Kikongwe mwenye macho mekundu, ni mchawi. Matapeli wakaiona hofu hiyo na wakaanza kubandika matangazo ya kuwaandikisha watu Freemason kwa malipo. Huku nako ni kumpa shetani uwezo asiokuwa nao, na ni kuwatuhumu watu bila ya elimu, jambo tulilokatazwa (17:36). Anayeogopa kila ajabu na anayefuata kila ajabu ni ndugu: wote wawili hawajui sumaku iko wapi.

Jibu langu

Binti yangu, hukumu ni hii. Mtume (s.a.w.) amefundisha kuwa anayemwendea mpiga ramli na kumuuliza jambo, swala yake haikubaliwi siku arobaini (Muslim). Wanazuoni wanasema maana yake ni kukosa thawabu zake, ama kuswali bado ni wajibu juu yake. Angalia kuwa hapa hakutajwa kuamini. Kuuliza peke yake kunatosha kupata hasara hiyo. Ama anayeuliza na kusadiki, katika hadithi nyingine ametajwa kuwa ameyakanusha aliyoteremshiwa Muhammad (s.a.w.). Basi "siamini, najifurahisha tu" inakuokoa na hilo la pili, haikuokoi na la kwanza. Na kusema "ni mashine tu" hakusaidii, kwani mashine ni barua, na aliyeiandika ni mtu.

Anayeuliza ili kufichua uongo, naye ana elimu ya kufanya hivyo, huyo ni mwingine. Mtume (s.a.w.) mwenyewe alimjaribu Ibn Sayyad kwa swali, akaudhihirisha upungufu wake.

Wazazi na walimu wenzangu, tusiishie kusema haramu. Mtoto mwenye hofu ya kesho afundishwe istikhara, aambiwe kuwa anaruhusiwa kumuuliza Mola wake moja kwa moja bila ya ada. Afundishwe Ayatul Kursiy, Al-Falaq na An-Nas asubuhi na jioni. Na madrasa zetu zisiione fizikia kama mgeni. Siku moja nitawaletea wanafunzi wangu msumari, waya na betri, watengeneze sumaku ya umeme kwa mikono yao, kisha niwasomee kisa cha Algiers. Nataka anyanyuke mmoja wao, akute sanduku halinyanyuki, asikimbie. Ainame atazame chini ya meza.

Wachawi wa Firauni walisujudu kwa sababu walijua. Tumuombe Allah atupe elimu ya kuijua hila, na imani ya kuutambua ukweli. Amin.